Yule Anayetukalia Kifuani

Wakubwa zangu shikamooni, na wenzangu hamjambo. Nawashukuru walioniita, na nawashukuru ninyi mliokuja jioni hii kusikiliza habari za usingizi badala ya kwenda kulala.

Nimeombwa nizungumzie ulimwengu wa ndoto na maajabu yake. Ulimwengu huo kila mmoja wetu huuingia peke yake, bila shahidi, na ndiyo maana ndoto za watu hazifanani. Wewe utaota unapaa juu ya mapaa ya nyumba. Mimi nitaota nimechelewa mtihani wa somo ambalo sikulisoma. Jirani ataota marehemu amekuja kumwomba maji ya kunywa. Lakini yupo mkazi mmoja wa ulimwengu huo ambaye watu wa kila bara wamekutana naye na kumweleza kwa namna inayofanana, hata watu ambao hawakuwahi kusikia habari za wenzao. Huyo ndiye wa leo. Kiswahili kinamwita jinamizi.

Siku hizi neno hili tumelilegeza. Tunasema jinamizi la madeni, jinamizi la ajali, na ndoto yoyote mbaya tunaipa jina hilohilo. Mimi nalirudisha kwenye maana yake nzito: kitu kinachomkandamiza mtu kitandani ilhali yu macho, asiweze kujigeuza wala kupiga kelele.

Nitaanza na la kwangu. Si haki niwaombe baadaye mtoe yenu nami nimeficha langu.

Nilikuwa na umri wa miaka 19, wakati wa mitihani. Wiki nzima nilikuwa nikilala saa nane za usiku na kuamka saa kumi na moja. Usiku huo nililala chali, daftari kifuani. Nikazinduka kabla ya alfajiri. Nasema nikazinduka, sisemi nikaota: niliiona dari, nililiona dirisha na mwanga hafifu wa nje, niliona shati langu limetundikwa msumarini. Nilimsikia mwenzangu wa chumbani akikoroma kwenye kitanda cha pili. Kisha nikasikia kandambili. Zilikuja taratibu kutokea mlangoni, kwa mburuzo wa mtu aliyechoka, zikasimama upande wa miguu yangu. Godoro likabonyea. Likabonyea tena, usawa wa magoti, kama mtu anayepanda kitandani kwa mikono na magoti. Nikataka kuvuta miguu, miguu haikuwa yangu. Nikataka kumwita mwenzangu, ulimi umelala kinywani kama kipande cha gogo. Kisha uzito ukafika kifuani, ukatulia pale. Uso sikuuona. Nilijua tu kwamba upo, na kwamba unanitazama.

Pengine yalikuwa mambo ya nusu dakika. Kidole cha mwisho cha mkono wa kushoto kikacheza, na papo hapo kila kitu kikatoweka, kama taa iliyopulizwa. Godoro likawa tambarare. Mlango ulikuwa umefungwa komeo kwa ndani, kama nilivyouacha. Mwenzangu hakuwa amekatisha hata mkoromo mmoja.

Sikumwambia mtu kwa miaka 11.

Sasa nisikilizeni nikitaja majina ya kiumbe huyu, na mtege sikio kwenye maana zake. Waarabu wana kabusi, na wana neno jathumu, litokanalo na kukaa kwa kujikunyata juu ya kitu, kama ndege anavyoatamia. Waturuki humwita karabasan, yule mweusi akandamizaye. Walatini walisema incubus, alalaye juu ya mtu. Wagiriki wa kale walisema ephialtes, arukiaye mtu. Wachina husema mzimu umekandamiza kitanda. Kule Brazil yupo pisadeira, mkanyagaji, ajuza mwembamba mwenye kucha ndefu anayekaa juu ya mapaa akimsubiri aliyekula akashiba kisha akalala chali. Wajapani husema kanashibari, kufungwa kwa chuma. Na Kiswahili? Mimi nikilitamka neno jinamizi, sikio langu husikia ndani yake kuinama, kuinamia.

Majina hayo hayatuambii anafananaje. Huku ni ajuza, kule ni jini, kwingine mzimu, kwingine kivuli tu kisicho na umbo. Karibu kila lugha imemwita kwa kazi yake: anayelalia, anayekandamiza, anayekanyaga, anayefunga. Mimi huwaamini sana watu wanapokubaliana kwenye kitenzi na kutofautiana kwenye sura. Sura mtu huweza kuichukua kwa bibi yake, kwenye hadithi za jioni. Uzito ule kifuani hakuupata kwa bibi.

Katika karne ya 13, Snorri Sturluson wa Iceland aliandika habari za mfalme wa kale, Vanlandi, aliyefia usingizini huko Uppsala, Sweden. Kaskazini ya Ulaya walimwita kiumbe huyu kwa jina la Mara, na jina hilo bado limo ndani ya neno la Kifaransa cauchemar na lile la Kiingereza nightmare. Mfalme alisinzia, ghafla akapiga kelele kwamba yule Mara anamkanyaga. Watu wake wakamkimbilia. Waliposhika kichwa, alikanyagwa miguu hadi ikakaribia kuvunjika. Walipoikimbilia miguu, alikandamizwa kichwa, na hapo akakata roho. Nimeisoma habari hiyo mara nyingi, na kinachonigusa si kifo. Ni wale watu. Chumba kimejaa watu wazima wenye nguvu na mapenzi, wanamshika mgonjwa wao, na hawaoni wanachopigana nacho. Mwenzangu na mkoromo wake alikuwa umbali wa hatua tatu tu kutoka kwangu.

Miaka 400 baadaye hivi, mwaka 1664, daktari wa Uholanzi aitwaye Isbrand van Diemerbroeck aliandika habari za mgonjwa wake, mwanamke wa miaka 50, mwenye afya njema mchana, ambaye usiku aliamini shetani amemlalia na kumshikilia. Usiku mwingine ilikuwa mbwa mkubwa, au mwizi amekaa kifuani. Alishindwa kusema, pumzi zikamwia nzito, na alipojaribu kulitupa lile zigo viungo vyake havikumtii. Shetani, mbwa, mwizi: mwanamke mmoja, kitanda kimoja, sura tatu. Daktari aliandika yote bila kumkejeli, na kwa hilo namheshimu.

Na wengine wenu mmewahi kuiona picha ya mchoraji Henry Fuseli, aliyoichora mwaka 1781 na kuionyesha London mwaka uliofuata. Leo imo katika jumba la sanaa la Detroit, Marekani. Mwanamke amelala, kichwa kinaning'inia ukingoni mwa kitanda, na juu yake limechuchumaa jitu dogo linalomtazama mtazamaji. Watu hulitazama jitu. Mimi nawaomba siku mkiiona mtazame namna alivyolala. Amelala chali. Kumbukeni mkanyagaji wa Brazil na wateja wake. Nami nililala chali. Wanaopima usingizi leo watawaambia jambo hilohilo: mlalo wa chali ndio unaomwita zaidi.

Hapa ndipo wasomi walipogawanyika kwa muda mrefu. Wengi walisema ni simulizi tu: mtu amekua akisikia habari za ajuza, basi usiku huota ajuza. Hadithi huja kwanza, ndoto hufuata. Maelezo hayo yananyooka vizuri karatasini.

Aliyeyavunja ni mtafiti wa mapokeo simulizi, David Hufford. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 alikuwa akifundisha Newfoundland, Kanada, na huko wavuvi walimsimulia habari za Ajuza anayemkalia mtu kifuani usiku. Walimfundisha hata dawa yake: aliyekaliwa aitwe jina lake kinyumenyume, na Ajuza atamtoka. Hufford alikuwa akiandika maelezo yao huku anajua siri moja. Desemba 1963, akiwa mwanafunzi wa chuo nchini kwake Marekani, naye alilala amechoka, akasikia mlango ukifunguliwa, akasikia hatua, kitanda kikabonyea, kitu kikamkandamiza kifua. Alikuwa hajawahi kusikia habari za Ajuza wala ndugu zake. Alinyamaza. Alipowauliza baadaye watu wa Marekani ambao hawakuwa na mapokeo yoyote ya kiumbe huyu, akakuta wapo, wengi, na wanaeleza yaleyale: hatua, kubonyea, uzito, woga. Mwaka 1982 alichapisha kazi iliyouweka mkokoteni nyuma ya ng'ombe: tukio hutangulia, hadithi hulifuata ili kulipa jina.

Nilipofika kwenye kurasa za Hufford zinazotaja hatua na kitanda kubonyea, nilikuwa na miaka 30. Nilikifunga kitabu. Nilikaa na mikono juu ya jalada kwa muda mrefu. Zile kandambili zangu zilikuwa zimepata wenzake.

Basi tukio lenyewe ni nini? Turudi Chicago, mwanzoni mwa miaka ya 1950. Mwanafunzi wa uzamivu, Eugene Aserinsky, alimlaza mwanawe wa miaka minane maabara, akamfunga nyaya kichwani na kando ya macho, akaiacha mashine ichore mistari usiku kucha. Ilipofika sehemu fulani ya usiku kalamu zikaanza kurukaruka. Alidhani mtoto ameamka. Akaenda kutazama, akamkuta fofofo, macho yakizunguka chini ya kope zilizofungwa. Mwaka 1953 yeye na msimamizi wake, Nathaniel Kleitman, walitangaza kwamba kuna usingizi wa namna ya pekee, wenye macho yanayokimbia, na kwamba ukimwamsha mtu humo, mara nyingi atakwambia alikuwa anaota. Usingizi huo hurudi takriban kila dakika 90, na mtu mzima hutumia humo kama robo ya usiku wake.

Kisha huko Lyon, Ufaransa, Michel Jouvet akaona jambo la pili kwa paka: wakati huohuo ambao ubongo unawaka kama wa aliye macho, misuli ya mwili imelegea kabisa. Ndani ya shina la ubongo kuna sehemu inayotuma amri ya kuilegeza. Jouvet alipoiharibu sehemu hiyo, paka waliokuwa usingizini waliinuka, wakavizia, wakashambulia adui asiyekuwepo. Waliziigiza ndoto zao. Na mwaka 1986 Carlos Schenck na Mark Mahowald, madaktari wa Minnesota, walieleza hali kama hiyo kwa binadamu, wengi wao wanaume wa makamo na wazee. Mmoja aliota anacheza mpira wa Kimarekani, akamvamia mpinzani kwa nguvu zote, akazindukia kwenye kabati la chumbani kwake.

Kulegezwa huko ni kama kamba, na sasa mnaona kamba hiyo ni ya nini. Kila usiku, kila mmoja wetu hufungwa. Mtoto hufungwa, mzee hufungwa, na bingwa wa kunyanyua vyuma hufungwa vilevile. Tunafungwa ili tukiota tunakimbia tusikimbie, tukiota tunapigana tusimuumize aliyelala kando yetu. Tunapoamka kamba hufunguliwa kwanza, ndipo macho yakafumbuka, na hatujui kamwe kwamba tulikuwa kifungoni. Kwa aliyepatwa na jinamizi mpangilio huo umepinduka. Macho yametangulia kufumbuka, kamba bado imekazwa, na ndoto haijafunga duka lake. Dirisha analoliona ni dirisha la kweli. Hatua anazozisikia zinatoka upande wa pili. Kwa muda mfupi mtu huyo amesimama kizingitini, mguu mmoja huku na mmoja kule. Watafiti wa Japani, mwaka 1992, waliwaleta maabara watu wanaopatwa na hali hii mara kwa mara, wakawakatizia usingizi kwa makusudi, na wakafanikiwa kumwita jinamizi mbele ya mashine.

Na uzito? Hili ndilo lililonishangaza kuliko yote, na naomba mnivumilie nilieleze polepole. Wekeni mkono kifuani, vuteni pumzi. Mnasikia mbavu zinavyopanda? Kazi hiyo inafanywa na misuli iliyo katikati ya mbavu, ikisaidiwa na ya shingo. Chini ya mapafu kuna msuli mwingine mpana, kiwambo, unaoshuka na kupanda kama kifuniko cha mviringo. Katika usingizi wa ndoto misuli ya mbavu nayo hulegezwa. Kiwambo peke yake ndicho kinachobaki kazini, nacho kinavuta pumzi fupi za mtu aliyelala. Macho nayo huachiwa, ndiyo maana unaweza kuyazungusha ukaitazama dari. Sasa fikiria wewe umezinduka humo ndani. Umeogopa. Mtu aliyeogopa hutaka pumzi ndefu. Unaiamuru mbavu ipande, haipandi. Unaamuru tena kwa nguvu zote, kifua kimya. Akili inatafuta sababu. Kifua kisichopanda maana yake nini? Kuna kitu juu yake. Akili haijadanganya kwa ubaya, imetoa maelezo ya haraka kabisa ya jambo ambalo haijawahi kulipata. Ajuza, jini, mbwa, mwizi: wote wamezaliwa katika pengo lililo kati ya pumzi unayoitaka na pumzi unayoipata.

Anayetazama nitampitia kwa haraka zaidi. Mwaka 2006 madaktari wa Uswisi, Olaf Blanke akiwa mmoja wao, walikuwa wakimchunguza mwanamke wa miaka 22 mwenye kifafa. Walipopitisha umeme kidogo mahali fulani upande wa kushoto wa ubongo, palipo nyuma ya sikio, mwanamke yule alisema kuna mtu nyuma yake. Alipolala, mtu yule alilala. Alipokaa na kukumbatia magoti, mtu yule naye alikaa, akamkumbatia. Alipopewa kadi asome, alisema mtu yule anataka kumnyang'anya. Alikuwa ni yeye mwenyewe, mwili wake uliopotea njia ndani ya ubongo ukarudi kama mgeni. Ninapomkumbuka yule aliyekuwa akinitazama pale kitandani, wazo hilo hunijia: kwamba huenda tulikuwa wawili wa mtu mmoja. Sina haja ya kuwalazimisha mkubali. Mimi linanipa huruma kwake.

Si jambo la watu wachache. Mwaka 2011 wataalamu wawili wa Marekani walikusanya tafiti nyingi zilizokwisha kufanyika, wakakuta kati ya kila watu 100, kama wanane wamepatwa angalau mara moja maishani. Kwa wanafunzi idadi ilipanda hadi karibu 28. Wanafunzi, mnaona, wenye madaftari kifuani. Kukosa usingizi, kulala saa zisizo na utaratibu, zamu za usiku, wasiwasi: hivyo ndivyo vinavyomfungulia mlango.

Ningeweza kuishia hapa, na mngeondoka na maelezo safi: kamba, kiwambo, umeme. Wapo wanaoishia hapo na kuwaambia wagonjwa wao, "Ni ubongo tu, nenda nyumbani." Neno hilo "tu" nalipinga kwa moyo wangu wote, na sababu yangu ni Wahmong.

Wahmong ni watu wa milima ya Laos. Vita vilipokwisha mwaka 1975, wengi walikimbia, wakaishia Marekani, kwenye miji ambayo hawakuijua lugha yake wala baridi yake. Kuanzia mwaka 1977 wanaume wao wakaanza kufa usingizini. Walikuwa vijana, wengi wa miaka thelathini na kitu, waliokula vizuri jioni na kulala wazima. Mwanzoni mwa miaka ya 1980 vifo vilifika kilele, na kwa jumla zaidi ya wakimbizi 100 wa Asia ya Kusini-Mashariki, karibu wote wanaume, walikufa hivyo. Madaktari walipasua maiti wasione kitu. Baadaye sana, mwaka 1992, ndugu wawili, Pedro na Josep Brugada, walieleza hitilafu ya umeme wa moyo inayoweza kumuua mtu amelala, na wengi leo wanaamini hitilafu ya aina hiyo ilikuwa imefichika ndani ya vifua vile.

Lakini Wahmong wenyewe walikuwa na jina tayari: dab tsog, pepo akandamizaye. Mtafiti Shelley Adler alikwenda kuwasikiliza huko California, akazungumza na zaidi ya watu mia moja, na zaidi ya nusu yao walikuwa wamekaliwa. Wakamweleza jambo ambalo mashine haikuweza kulichora. Kwao dab tsog hakumuua mtu mara ya kwanza. Akija, unamwita mganga, mababu wanaitwa, kafara linatolewa, ulinzi unarudi. Ni yule anayemwacha aje tena na tena bila kufanyiwa chochote ndiye aliyekuwa hatarini. Na huko ugenini waganga walikuwa mbali, koo zimetawanyika, na wengine walikuwa wamebadili dini wakaambiwa mababu wasiitwe tena. Mwanaume akikandamizwa usiku wa kwanza, anajua kinachofuata. Analala usiku wa pili akikisubiri. Adler anasema hofu hiyo, juu ya moyo wenye hitilafu, yaweza kuwa ndiyo iliyokamilisha kazi.

Mimi namwamini. Moyo wa mtu huyo unapiga ndani ya kifua hichohicho kinachoogopa. Umwambie "ni ubongo tu" utakuwa umemsaidia nini? Amebaki peke yake kama mfalme Vanlandi, chumba kimejaa watu.

Najua mnangoja nimtaje Popobawa, kwa hiyo nitamtaja kwa ufupi. Mwaka 1995, kisiwani Pemba na baadaye Unguja, watu walisema wanavamiwa vitandani na kiumbe huyo, na wengi walitoka nje wakakesha pamoja kuzunguka moto. Sitasema yote yale yalikuwa jinamizi. Ulikuwa mwaka wa uchaguzi, hofu zilikuwa nyingi, na kuyakunja yote katika neno moja la kitabibu ni kuwakosea waliopatwa. Lakini mtazameni namna walivyojitibu: walikaa pamoja, wakawa macho, kila mtu akamsimulia mwenzake.

Kuna la kutenda pia. Lala kwa saa zinazoeleweka, lala ubavu. Akija, usipigane na kifua, kwa sababu kifua ndicho kilichofungwa zaidi na kila unapokilazimisha uzito unaongezeka. Acha kiwambo kifanye kazi yake, kinaijua. Zungusha macho, maana macho ni yako. Kisha peleka nia yako yote kwenye kitu kidogo kabisa, ncha ya kidole cha mkono au cha mguu. Na kama unalala na mtu, mweleze mapema kwamba akikusikia unaguna usiku akuguse. Mguso humvunja, na wavuvi wale wa Newfoundland waliomwita mwenzao kinyumenyume angalau walikuwa wamekaa karibu naye. Ikiwa anakujia mara kwa mara, au mchana usingizi unakuangusha ghafla, muone daktari, kwa sababu upo ugonjwa wa usingizi ambao jinamizi ni dalili yake mojawapo, nao una matibabu ya kuutuliza.

Alinirudia mwaka jana. Niliposikia kandambili zinaanza pale mlangoni woga ulikuwa uleule, sitawadanganya. Ila safari hii nilizitambua. Nilitazama dari, nikaacha pumzi fupi zije na kwenda, nikakitafuta kidole changu cha mwisho. Aliyelala kando yangu alikuwa ameshanisikia. Mkono wake ukanishika bega, akaniuliza, "Amekuja?" Nikasema ndiyo. Tukawasha taa, tukakaa tukizungumza mpaka kukapambazuka.

Nimezungumza vya kutosha. Kipaza sauti kipo pale katikati, na wenzetu wa mlangoni wamesema ukumbi ni wetu kwa saa nzima zaidi. Hakuna atakayerekodiwa kuanzia sasa. Ndiyo, dada uliye nyuma pale, uliyeinua mkono tangu nilipotaja godoro. Karibu, anza wewe.